Kipandikizi kimoja, madai matatu: meno katika mipango binafsi ya Medicare

Kazi yangu iko upande wa mapokezi wa kliniki ya meno hapa Columbus, Ohio. Daktari akishaandika anachokusudia kumfanyia mgonjwa, mimi ndiye ninayetafuta nani atakilipia. Mwishoni mwa Oktoba alinijia mzee mmoja mwenyeji wa Uvira, akiwa na bahasha iliyofunguliwa na kukunjwa mara nyingi mpaka pembe zake zimelainika. Alikuwa ameshafungiwa kipandikizi katika kliniki nyingine, yaani ile skrubu ndogo ya titani inayokaa ndani ya mfupa wa taya, na lililobaki lilikuwa kupachikwa jino la juu yake. Ndani yake mlikuwa na barua ya bima yake, ya ukurasa mmoja, na katikati palikuwa na msimbo D6058 na maelezo kwamba huduma hiyo haimo katika mafao yake.

"Binti yangu," aliniambia, "kabla sijaanza nilipiga simu, nikauliza kama taji la jino linalipiwa. Wakanijibu linalipiwa, nusu wao, nusu mimi."

Sidhani kwamba alidanganywa kwa makusudi. Aliyepokea simu alitazama taji la D2740, ambalo huvalishwa jino la asili lililochongwa, na hilo mpango wake ulilipia kwa asilimia 50. Taji linalokaa juu ya kipandikizi lina msimbo wake, limo katika kundi la vipandikizi linaloanzia D6000, na kundi lote hilo mpango ulikuwa umeliacha nje. Mgonjwa aliuliza kwa neno, akajibiwa kwa neno, lakini bima hulipa kwa msimbo.

Msomaji anayewatunzia wazazi wake hapa Marekani ni vema aelewe kwanza kwa nini jambo hili limo mikononi mwa kampuni binafsi. Sheria ya Medicare, bima ya serikali kwa wazee, ilitiwa saini na Rais Lyndon Johnson tarehe 30 Julai 1965, na ndani yake kulikuwa na kifungu kinachoondoa matibabu, uzibaji, ung'oaji na urudishaji wa meno, pamoja na sehemu zinazoyashikilia meno hayo. Mwaka huohuo wa 1965, huko Gothenburg nchini Uswidi, Per-Ingvar Brånemark alimfungia mgonjwa wake wa kwanza vipandikizi vya titani. Hivyo bima ya wazee na kipandikizi cha kisasa vina umri mmoja, na tangu siku ya kwanza vimepishana njiani.

Kifungu hicho kingali kinatumika. Kuanzia mwaka 2023 serikali imepanua kidogo hali ambazo Medicare ya asili hulipia kinywa, kwa mfano kuondoa maambukizo ya meno kabla ya kupandikizwa kiungo au kubadilishwa vali ya moyo, na baadaye zikaongezwa baadhi ya tiba za saratani na usafishaji damu kwa wagonjwa wa figo. Lakini tazama mipaka yake: meno yaliyooza yanaweza kung'olewa kwa gharama ya Medicare ili moyo ufanyiwe upasuaji salama, na mgonjwa akarudi nyumbani na pengo ambalo Medicare hiyohiyo haitalijaza. Bima za nyongeza zinazoitwa Medigap nazo kwa kawaida hazigusi meno, kwa sababu kazi yake ni kulipa sehemu inayobaki ya huduma ambazo Medicare yenyewe imekubali.

Ndipo inapoingia Medicare Advantage, yaani Sehemu C, ambamo kampuni binafsi hulipwa na serikali ili imhudumie mnufaika badala ya Medicare ya asili. Karibu mipango yote ya namna hii hutangaza mafao ya meno, na kwa wazee wengi ninaowahudumia hilo ndilo lililowavuta. Mafao hayo ni ya ziada, maana yake ni kwamba kampuni ndiyo inayoamua yawe makubwa au madogo kiasi gani, na inaweza kuyabadilisha kila Januari. Pia, kile kikomo cha mwaka cha fedha anazotoa mgonjwa mfukoni, ambacho mawakala hupenda kukitaja, kimewekwa kwa ajili ya huduma za Sehemu A na B, yaani za hospitali na za madaktari. Dola 3,000 utakazolipia kipandikizi kwa kawaida hazihesabiwi humo.

Sasa tuingie kwenye kipandikizi chenyewe, kwa kuwa watu wengi hudhani ni kitu kimoja chenye bei moja. Kwa bima ni madai matatu. Skrubu inayofungwa kwenye mfupa huombewa malipo kwa D6010. Kishikizo kinachounganisha skrubu na jino ni D6056 kikiwa cha kiwandani, au D6057 kikiwa kimetengenezwa kwa kipimo cha mgonjwa. Taji la kauri lililoshikiliwa na kishikizo hicho ndilo D6058. Kabla ya hayo huenda kukawa na kung'oa jino, D7140, au D7210 ikibidi kupasua fizi na kukata mfupa, na kujaza mfupa kwenye tundu ili taya lisisinyae, D7953. Nimeona mipango inayolipia skrubu na kukataa kishikizo, na mingine inayolipia vyote isipokuwa mfupa. Msemo "vipandikizi vinalipiwa" unaweza kuwa kweli katika hali zote hizo.

Kwa hiyo usisome kipeperushi. Omba kitabu cha masharti cha mwaka husika, kile kinachoitwa Evidence of Coverage, na ufungue sura ya 4, ambamo mna jedwali la mafao. Ikiwa misimbo ya meno haikuorodheshwa humo, utaelekezwa kwenye orodha ya kampuni nyingine, kwa kuwa mipango mingi hukabidhi shughuli za meno kwa wakala maalumu. Iombe orodha hiyo kwa maandishi. Jihadhari pia na mstari unaosema "meno bandia na madaraja", maana vipandikizi ni kundi lililo peke yake na mstari huo hauvihusishi.

Baada ya msimbo kuna dari ya fedha, yaani kiasi cha juu kabisa ambacho mpango utalipia meno kwa mwaka. Nitaeleza kwa hesabu inayofanana na ninazopiga kila wiki, nikiwa nimezungusha tarakimu. Kung'oa jino dola 180, kujaza mfupa 400, skrubu 1,700, kishikizo 520, taji 1,200, jumla 4,000. Mpango unalipa nusu ya kila kitu isipokuwa mfupa, na dari yake ni dola 2,000 kwa mwaka. Mgonjwa anapiga hesabu ya haraka: nusu ya 3,600 ni 1,800, na dari haijaguswa. Kumbe tangu Januari ameshasafishwa meno, amepigwa picha na kuzibwa mawili, na katika mpango wake hayo yote yamekatwa kwenye dari ileile, dola 650. Zimebaki 1,350. Kazi yote ikimalizika mwaka huo, bima itatoa 1,350 na yeye atatoa 2,650.

Hapa maumbile yenyewe humsaidia, kwa sababu mfupa huhitaji miezi kama mitatu hadi sita kushikamana na titani kabla ya skrubu kubebeshwa jino. Akifungiwa skrubu Septemba, taji litaangukia Februari, wakati dari imeanza upya. Mwaka wa kwanza bima itatoa nusu ya 1,880, yaani 940. Mwaka wa pili itatoa nusu ya 1,720, yaani 860. Mgonjwa atakuwa ametoa 2,200, na dola 450 zimeokolewa kwa kutazama kalenda tu. Sharti ni kwamba masharti ya mwaka mpya yawe bado yanalipia taji hilo, na taarifa ya mabadiliko hufika nyumbani kabla ya Septemba kuisha. Wengi huitupa pamoja na matangazo.

Vipo vifungu viwili ambavyo sipendi kuvikuta baada ya kazi kufanyika. Kimoja hukataa kulipia jino lililong'oka kabla bima haijaanza, na kwa mtu aliyeishi na pengo tangu Kigoma au Bujumbura hicho kinamaliza mjadala. Kingine hulipa kiasi cha tiba ya bei nafuu inayoweza kufanya kazi hiyo, kwa mfano meno bandia ya kuvua na kuvaa, kisha tofauti yote inabaki kwa mgonjwa. Hicho cha pili si kibaya sana, mradi umekijua mapema.

Dawa ya simu za ndiyo na hapana ni uamuzi wa maandishi kabla ya tiba. Mwanachama wa Medicare Advantage ana haki ya kuuomba, na ombi lake litaje kila msimbo, namba ya jino, na daktari atakayefanya kazi. Akikataliwa ana siku 65 tangu tarehe ya barua kukata rufaa. Nasema wazi kwamba rufaa ninazoshinda ni zile ambazo kitabu cha masharti kinasema hivi na kampuni imefanya vile. Kitabu kikiwa kimeviondoa vipandikizi, barua ya daktari ya kueleza jinsi mgonjwa anavyoshindwa kutafuna haitaviingiza.

Huulizwa pia kuhusu kwenda kufunga vipandikizi Nairobi au Dar es Salaam na kurudi. Kazi nzuri inafanyika huko, nami nimeiona. Usitarajie mafao ya meno ya mpango wako wa hapa yailipie, na usirudi bila kadi yenye jina la aina ya kipandikizi, kipenyo, urefu na namba ya toleo, maana bila hiyo daktari wa hapa atahangaika kutafuta bisibisi na kishikizo kinachoingiliana nacho.

Kwa aliyepoteza meno yote ya chini kuna njia ambayo naona haizungumzwi vya kutosha: vipandikizi viwili vya kushikilia meno bandia. Wataalamu waliokutana Chuo Kikuu cha McGill, Montreal, mwaka 2002 waliipendekeza kuwa chaguo la kwanza kwa taya la chini, na gharama yake ni ndogo sana kuliko kurudisha kila jino.

Yule mzee wa Uvira hakukata rufaa, kwa kuwa kitabu chake kilikuwa wazi. Kipindi cha kubadili mpango huanza Oktoba 15 na kufungwa Desemba 7, kwa hiyo tuliketi naye pamoja na mshauri wa SHIP, huduma ya bure ya ushauri kuhusu Medicare inayopatikana katika kila jimbo. Mpango wa kwanza tuliouona ulilipia D6058 vizuri, ila daktari wa moyo wa mzee huyo hakuwemo katika mtandao wa madaktari wa mpango huo, nikamwomba auweke kando. Wa tatu ulikuwa na daktari huyo, ulikuwa na D6056 na D6058, na kwa maandishi ulithibitisha kwamba skrubu iliyofungwa kabla haizuii taji. Tulisubiri mwaka ugeuke. Taji lilipachikwa Februari, bima ikatoa nusu, naye anamalizia nusu yake kwa awamu nne.