Filamu iliyorejeshwa si faili lililokuzwa

Katika maduka ya filamu ya katikati ya jiji la Nairobi, kila sinema ya zamani inayojaa skrini ya inchi 55 siku hizi inaitwa rimasta (toleo lililosafishwa upya), na wateja nao wanasema "imerejeshwa". Sivyo. Kurejesha filamu ni kurudi kwenye mkanda wenyewe, ikiwezekana negativu iliyopita ndani ya kamera, kuusafisha, kuunga palipochanika, kuuskani fremu kwa fremu, kisha kurekebisha mikwaruzo, mwanga na sauti.

Kinachouzwa mara nyingi ni DVD kuukuu iliyokuzwa kwa programu. DVD ya PAL, mfumo tuliouzoea Kenya, ina pikseli 720 kwa 576, kama laki nne hivi. Skrini ya 4K inataka zaidi ya milioni nane, kwa hiyo nyingi kati ya pikseli hizo, programu inazibuni. Tena DVD hizo huenda fremu 25 kwa sekunde badala ya 24 za sinema: filamu ya saa mbili huisha karibu dakika tano mapema, na sauti za waigizaji mara nyingi zimepanda. Ukilikuza faili, kasoro hiyo inabaki mle mle.

Linganisha na filamu tatu za mhusika Apu za Satyajit Ray, mwongozaji wa India. Negativu zake ziliungua London mwaka 1993. Mabaki yaliyokauka na kujikunja yalifikishwa Bologna, Italia, ambako mafundi waliyarudishia unyevu, wakakwangua gundi na nta, wakajenga upya kwa mkono matundu ya pembeni, ndipo wakayaskani kwa 4K. Pasipofaa kitu, walitumia nakala nyingine zilizosalimika. Kazi ilitoka 2015.

Kisha mtu anunue diski ya namna hiyo, alalamike kuwa picha "ina mchanga"! Chembechembe zile ndizo picha. Kwenye filamu ya rangi nyeusi na nyeupe ni fedha iliyomo mkandani. Programu ikizifuta, vinyweleo vya ngozi na nyuzi za nguo huondoka nazo, uso ukabaki laini kama nta.

Toleo la kweli kwa kawaida hueleza, kwenye jalada au kijitabu, lilitoka mkanda gani na nani aliurejesha. Ukiagiza Blu-ray ya Marekani, hakikisha deki yako inasoma diski za eneo A, kwani diski hizo hugawanywa kwa maeneo ya dunia na Kenya iko eneo B. Na lile faili la kwenye flashi, litazame tu, ila liite lililokuzwa.