Mchanga wa mto na gharama inayolipwa mbali na shimo

Madini yanapotajwa nchini kwetu, mawazo ya wengi huelekea Geita, Mererani, Nyamongo au Mwadui, na mkazi wa Dar es Salaam huyahesabu kuwa mambo ya mikoani. Hata hivyo, Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inaweka mchanga, kokoto na mawe ya kujengea katika kundi la madini ya ujenzi, na anayeyachimba kibiashara anatakiwa awe na leseni kama anayechimba dhahabu. Kwa kipimo hicho jiji hili lina machimbo kila upande: mabonde ya Mpiji, Tegeta, Mbezi, Msimbazi na Mzinga kwa mchanga, Kunduchi na Boko kwa mawe ya matumbawe, Wazo kwa mawe ya chokaa yanayolisha kiwanda cha saruji tangu 1966, na Pugu kwa kaolini, udongo mweupe wa kutengenezea vyombo vya kauri. Kazi yangu ni tathmini ya athari kwa mazingira. Katika orodha hiyo yote mchanga ndio unaonisumbua zaidi, kwa sababu madhara yake hayakai pale ulipochimbwa.

Mahitaji yenyewe hayana siri. Zege ya kawaida ya fundi wa mtaani ni ndoo moja ya saruji kwa mbili za mchanga na nne za kokoto, na bloku za kuta hula mchanga zaidi ya hapo. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu watu takribani milioni 4.36 katika mkoa huu, na ile ya 2022 ikahesabu milioni 5.38, ambao karibu wote wanataka kuta za bloku. Mchanga ni mzito na bei yake ni ndogo, kwa hiyo nauli ya lori ndiyo inayoamua bei ya tripu, na mto ulio karibu na eneo la ujenzi ndio utakaochimbwa kwanza, hata kama mto ulio mbali ungestahimili uchimbaji huo vizuri zaidi. Mchanga wa baharini, kwa upande wake, mafundi makini huukwepa kwa kuwa chumvi yake huozesha nondo.

Mto hubeba mchanga kwa kadiri ya nguvu ya maji yake. Watu wanapochota mchanga kwenye sakafu ya mto na kuacha shimo, maji ya masika yanayofika hapo hufanya mambo mawili ambayo mchimbaji hayaoni, kwa kuwa siku hiyo ameshaondoka. Kwa upande wa juu, maji yanayoporomokea shimoni huanza kuula ukingo wa shimo na kulisogeza kuelekea mto unakotoka, hata sakafu ikashuka mahali ambapo hakuna mtu aliyewahi kuchimba. Kwa upande wa chini, maji yaliyoutua mzigo wao ndani ya shimo hutoka yakiwa na nguvu ambayo haijatumika, nayo hujitafutia mzigo mwingine kutoka sakafuni na kingoni. Kingo za mito yetu ni udongo mlaini wa mchanga na mfinyanzi, si mwamba. Sakafu ikishuka, ukingo hubaki umesimama wima bila egemeo, na mvua kubwa ya usiku mmoja humega mita kadhaa pamoja na choo, ukuta au chumba kilichokuwa juu yake. Nguzo za daraja nazo huanza kuonyesha misingi yake.

Ndiyo maana katika mabonde ya Tegeta na Mbezi utakuta nyumba zilizojengwa mbali na mto ambazo leo zimekaa ukingoni kabisa, ingawa wenyewe hawakusogea. Wakazi hujihami kwa matairi ya zamani na viloba vilivyojazwa mchanga. Mara nyingi mchanga wa viloba hivyo umechotwa mtoni hapo hapo, na sijui nimlaumu nani kwa hilo, kwani mwenye nyumba hana pa kuupata mwingine kwa haraka.

Safari ya mchanga huishia ufukweni. Sehemu kubwa ya mchanga wa pwani ya Kunduchi ni chembe za kwatzi, madini magumu ya silika, zilizoletwa na mito midogo ya kaskazini mwa jiji, na zilizobaki ni vipande vya makombe na matumbawe. Kusi inapovuma, mawimbi husukuma mchanga huo kuelekea kaskazini, na kaskazi huurudisha sehemu yake. Ufukwe husimama maadamu kinachoingia kinatoshana na kinachoondoka. Watafiti walianza kuonya miongo kadhaa iliyopita kwamba uchimbaji katika mito hiyo unapunguza kinachoingia, na bahari imekula ardhi ya kutosha kuifanya hoteli ya Africana, iliyokuwa maarufu enzi zake, ibaki jina tu. Sitasema kwamba mchanga ndio sababu pekee. Uvuvi wa baruti na uchimbaji wa matumbawe kwa ajili ya chokaa vilidhoofisha miamba iliyokuwa ikivunja mawimbi, mikoko imekatwa, na kuta zilizojengwa na wenye hoteli kuulinda ufukwe wao zimemwachia jirani wa kaskazini upungufu. Lakini ufukwe uliokwisha kudhoofika kwa sababu hizo ndio usiostahimili kupunguziwa mchanga. Mvuvi wa Kunduchi anayepoteza mahali pa kupandishia ngalawa yake hajawahi kuuziwa tripu hata moja, wala jina lake halitaonekana katika taarifa ya tathmini ya shimo lililochimbwa kilomita kadhaa ndani ya nchi kavu.

Kuna pia suala la maji, ambalo huzungumzwa kidogo mno. Mchanga wa mtoni huhifadhi maji ya mvua na kuyaachia taratibu wakati wa kiangazi. Sakafu inaposhuka, kina cha maji ya ardhini kandokando ya mto hushuka nayo, na visima vifupi vya majirani hukauka mapema zaidi kila mwaka.

Nisieleweke kuwa nawashambulia wanaochimba. Kijana mwenye chepe anayepakia lori hulipwa kwa tripu, na mwanamke anayeponda kokoto kwa nyundo katika machimbo ya Kunduchi huuza kwa ndoo. Hao ndio wanaopata kidogo kuliko wote katika mnyororo ambao faida yake iko kwa mwenye lori na mwenye mtaji. Ndio pia wanaobeba athari za mwilini: vumbi, vipande vya mawe vinavyoruka machoni, migongo iliyoharibika. Kuhusu vumbi nitofautishe, maana watu huchanganya. Jiwe la matumbawe la Kunduchi kwa sehemu kubwa ni kalisi kabonati, yaani madini ya chokaa, ambayo huwasha na kuziba njia ya hewa, lakini haina hatari sawa na vumbi la mawe magumu yenye kwatzi yanayosagwa upande wa Lugoba, mkoani Pwani, na kuletwa jijini. Vumbi la kwatzi huleta silikosisi, makovu ya mapafu yasiyotibika, nalo humwongezea mtu uwezekano wa kuugua kifua kikuu. Barakoa ya kitambaa haizuii vumbi hilo. Kumwagia maji jiwe linapopondwa kunasaidia zaidi na hakuhitaji fedha nyingi.

Turudi kwenye sheria, kwani hapo ndipo naona kasoro ya msingi. Marekebisho ya Sheria ya Madini ya mwaka 2017 yanamtaka mwenye leseni aandae kila mwaka mpango wa wajibu wake kwa jamii na kukubaliana na halmashauri. Kanuni za wachimbaji wadogo nazo zinadai mpango wa utunzaji wa mazingira. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inalinda mita 60 kutoka kingo za mto na ufukwe wa bahari. Vifungu hivi vyote vimefikiri juu ya mgodi wenye mpaka, shimo lenye majirani wanaolizunguka. Uchimbaji wa mchanga haufuati umbo hilo, kwani wanaoathirika wamepangana kwa urefu wa mto hadi baharini, katika kata na pengine halmashauri tofauti, na hakuna hata mmoja wao anayeitwa kwenye kikao cha mtaa ambako shimo lipo. Mamlaka nazo zimegawana mto huo huo: leseni iko Tume ya Madini, maji yako Bodi ya Bonde la Wami/Ruvu, na madaraja ya barabara za mitaa yako TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini. Kila ofisi inaweza kutekeleza wajibu wake kikamilifu huku sakafu ya mto ikiendelea kushuka.

Makatazo ya jumla hayajasaidia, kwa sababu huhamishia kazi usiku na kupandisha bei ya tripu, jambo linalozidisha tamaa. Ninachokiona kinafaa ni kutoa leseni kwa mto mzima badala ya kiwanja kimoja kimoja: kupima mkato wa sakafu, yaani umbo na kina chake kutoka ukingo hadi ukingo, katika vituo vya kudumu kabla na baada ya masika, kuruhusu kichotwe kile tu kilichoongezeka, tena mahali ambapo mchanga hujilundika na kusababisha mafuriko, na kufunga vipande vilivyo karibu na madaraja na makazi. Sambamba na hilo, vumbi la kokoto linalobaki kwenye mashine za kusagia mawe litumike zaidi katika bloku, kwani kwa kazi hiyo linafaa, mradi liwe limechekechwa.

Kwa mkazi wa bondeni ambaye hawezi kungoja mfumo huo, ushauri wangu ni kupima mwenyewe. Chagua kona ya ukuta isiyobadilika, pima kwa futi kamba umbali hadi ukingo wa mto mwishoni mwa Februari na tena Juni, andika tarehe, piga picha ukiwa umesimama mahali pale pale, na uwaombe majirani wa juu na wa chini wafanye hivyo hivyo. Nakala moja ipelekwe serikali ya mtaa na nyingine ofisi ya bonde, zote zikiwa na muhuri wa kupokelewa.