Skauti hanunui medali: njia ya kijana wa besiboli kutoka S4 (kidato cha nne) hadi Jamhuri ya Dominika

Wazazi wengi wanaonitembelea uwanjani hapa Jinja huja na medali. Mtoto alikuwa mchezaji bora wa shule, timu yake ilibeba kombe, na mpira alioupiga ulivuka ua ukapotelea kwenye miwa. Nafurahi nao, kisha nauliza maswali mawili yanayowakata stimu: amezaliwa lini, na mkono wake unarusha kwa kasi gani? Klabu za Marekani, na maskauti wanaozisakia vipaji, hazimsajili kijana wa Uganda kwa mechi alizoshinda. Zinasajili mwili ambao haujakomaa, zikikisia utakavyokuwa baada ya miaka mitano au sita.

Kazi yangu ni kunoa warushaji, yaani wanaomrushia mpigaji mpira, kwa hiyo msishangae nikivutia upande wangu.

Shule ndiyo njia yetu kwa sababu ligi ya kulipwa hatuna. Mwaka 2011 watoto wa Uganda walifuzu kwenda Williamsport, Pennsylvania, kwenye fainali za dunia za Little League, besiboli ya watoto, wakanyimwa viza kwa utata wa tarehe za kuzaliwa kwenye hati zao. Mwaka uliofuata timu ya Lugazi ikawa ya kwanza kutoka Afrika kucheza huko, na ikawalaza watoto wa Oregon 3-2. Mwaka 2015 Uganda ikarudi na kuishinda Jamhuri ya Dominika 4-1, na anayeujua mchezo huu anajua maana ya kumshinda Mdominika. Kisha klabu za ligi kuu ya Marekani zikaanza kufungua milango: mwaka 2022 Los Angeles Dodgers waliwasajili Ben Serunkuma na Umar Male, na baadaye Pittsburgh Pirates wakamchukua David Matoma, mrushaji. Hadi ninapoandika, Mganda aliyecheza ligi kuu yenyewe bado hayupo. Mwafrika wa kwanza kufika huko, Gift Ngoepe wa Afrika Kusini, alisajiliwa na Pirates mwaka 2008 na akaingia uwanjani tarehe 26 Aprili 2017. Hesabu mwenyewe miaka aliyosota kwenye ligi za chini.

Siku skauti anapokuja, mara nyingi hata mechi haichezwi. Vijana wanakimbizwa yadi 60, karibu mita 55, na anayetumia zaidi ya sekunde 7 huanza kusahaulika, labda awe mrushaji au mdakaji, yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji. Mdakaji hupimwa tangu mpira unapogonga glavu yake hadi unapodakwa kwenye kituo cha pili, umbali wa karibu mita 39. Sekunde 2 ni nzuri, chini ya hapo watu wanatazamana.

Kwa mrushaji, kinachotolewa ni rada ya mkononi. Kijana anasimama mita 18.44 kutoka kwa mpigaji, vidole viwili vimekatiza mshono wa mpira, kidole gumba chini. Wazazi wote macho kwenye namba. Skauti yeye anatazama mguu wa mbele: unapokanyaga chini, kiwiko kiko wapi? Kikiwa kimeshafika usawa wa bega, vizuri. Kikiwa bado kinaburuta nyuma, kasi ile inatolewa kwenye kano za kiwiko, na kano zitadai deni lao siku moja. Halafu anasubiri. Mpira wa tano kila mtu anarusha vizuri. Yeye anataka kuona wa 25. Mwisho anauliza baba ana urefu gani, na anatazama viganja na miguu. Nimeshaona kijana mrefu, mwembamba kama mtama, anayerusha maili 84 kwa saa (kilomita 135) akiandikwa kurasa mbili, na mwenzake wa maili 87 aliyekwisha kufuga ndevu akiambiwa asante.

Sasa huo mkono. Mashindano yetu hubanwa ndani ya siku chache, na shule yenye mrushaji mmoja wa maana humtumia asubuhi, ikamtumia tena jioni, kwa sababu mwalimu mkuu anataka kombe. Kanuni za Little League ziko wazi: miaka 11 hadi 12 ni mipira 85 kwa siku, miaka 13 hadi 16 ni 95, na mwenye miaka 14 au chini aliyerusha 66 au zaidi apumzike siku nne. Mifupa ya kiwiko cha mtoto wa miaka 14 bado inakua, na sehemu inayokua ndiyo dhaifu kuliko zote. Ninamwomba kila mzazi ahesabu mwenyewe kwa daftari, asimwachie kocha wa shule.

Baba mmoja, sajini wa kambi ya hapa mjini, alinijia na mwanawe aliyekuwa S3. "Mwalimu, huyu nimwachishe shule aje kwako asubuhi na jioni?"

"Hapana, afande. Akija mara mbili kwa siku mkono utakufa kabla ya Krismasi."

"Sasa afanye nini?"

"Asome, ale, alale. Mengine niachie mimi."

Hakuridhika, lakini kalenda ilinisaidia kumshawishi. Kijana wa nje ya Marekani, Kanada na Puerto Rico husajiliwa moja kwa moja na klabu, na lazima awe ametimiza miaka 16 siku anapotia saini. Dirisha hufunguliwa tarehe 15 Januari na kufungwa 15 Desemba. Mtihani wa S4 unakaliwa Oktoba na Novemba. Yaani kijana wetu wa kawaida anaweza kumaliza mtihani, akasubiri Krismasi, akatia saini Januari bila kupoteza hata siku moja. Kumwachisha shule S3 hakumpi chochote zaidi ya kukosa cheti.

Tarehe ya kuzaliwa ina uzito mwingine. Mstari unaogawa vijana wa mwaka mmoja na wa mwaka unaofuata ni tarehe 1 Septemba. Aliyezaliwa 30 Agosti 2008 aliruhusiwa kusaini kuanzia Januari 2025. Aliyezaliwa siku nne baadaye ilimbidi angoje Januari 2026. Ndiyo maana watu hushawishika kuchezea umri, kwenda mbele au nyuma. Acheni. Klabu huchunguza, ubalozi huchunguza, na yaliyowapata watoto wa 2011 mmeyasoma hapo juu. Cheti cha kuzaliwa cha NIRA (mamlaka ya usajili wa watu Uganda), jina kwenye matokeo ya P7 (darasa la saba), jina kwenye pasipoti: vyote visome sawa, herufi kwa herufi. Mtoto akiitwa Sulaiman shuleni na Suleman kwenye pasipoti, rekebisheni akiwa S1, msingoje skauti awe amekaa sebuleni.

Pesa je? Habari za mamilioni ni za Wadominika na Wavenezuela wachache. Kila klabu ina bajeti maalumu ya vijana wa kimataifa, lakini bonasi isiyozidi dola 10,000 haihesabiwi kwenye bajeti hiyo. Hapo ndipo vijana kutoka nchi changa kwenye besiboli, kama yetu, wanapopata nafasi kirahisi: klabu inabahatisha kwa gharama ndogo. Si tusi, ni mlango. Ila mzazi ajue pia kwamba klabu hujuta kidogo inapomwacha kijana iliyemnunua kwa bei hiyo.

Baada ya saini, safari ya kwanza huwa ni Jamhuri ya Dominika, ambako klabu zina kambi zao na ligi ya kiangazi huanza Juni. Kijana inambidi ajifunze Kihispania. Chakula hakimsumbui mtoto wa Buganda, kwa kuwa Wadominika asubuhi hula ndizi za kuponda. Akifanya vizuri anapandishwa kwenye kambi za Florida au Arizona, kisha ngazi za ligi za chini moja baada ya nyingine: Single-A, High-A, Double-A na Triple-A. Mkataba wa wachezaji wa ligi za chini wa mwaka 2023 uliweka kima cha dola 19,800 kwa mwaka kambini na 35,800 Triple-A, lakini wale wa ligi ya Dominika hawakuingizwa humo. Na anayesaini akiwa na miaka 18 au chini hushikwa na klabu kwa misimu 7 ya ligi za chini.

Njia nyingine ni kupitia shule au chuo cha Marekani, ambako kijana anaingia kwenye mchujo wa kila mwaka wa raundi 20 (draft), klabu zikichagua vijana kwa zamu. Dennis Kasumba, mdakaji aliyejulikana kwa video za mazoezi yake na matairi, alipata nafasi Frederick, Maryland, mwaka 2023, kwenye ligi ya vijana wanaotafuta kuchaguliwa. Njia hiyo inataka matokeo ya darasani hata zaidi.

Afande yule aliniuliza tena juzi ni nini atazame kwenye karatasi za mkataba ikifika siku. Nilimtajia kipengele cha masomo, kwamba aombe klabu ilipie elimu ya kijana akiachwa. Bima ya matibabu ya mkono, na inaisha lini. Na tiketi ya kurudi Entebbe, iandikwe inalipwa na nani.