Kidogo Ndicho Kizito

Chukua makopo mawili, moja kubwa na jingine dogo, uyajaze mchanga hadi mizani ioneshe kuwa yana uzito sawasawa. Kisha yanyanyue, moja baada ya jingine. Utaapa kwamba lile dogo ni zito zaidi. Mfaransa Augustin Charpentier aliliandika jambo hili mwaka 1891, nami ninapofundisha kuhusu milango ya fahamu huanza nalo. Linatupata karibu sote, hata mimi niliyekwisha kuyanyanyua makopo hayo mara zisizohesabika.

Maelezo yaliyozoeleka ni kwamba ubongo hausubiri habari, bali hubashiri. Ukiona kopo kubwa, misuli inaamriwa kuongeza nguvu. Kopo linapanda upesi kuliko ilivyotarajiwa, nawe unalihisi jepesi. Ubashiri wa namna hii tunao kweli. Ndani ya kila jicho, pale neva inapotokea kwenda kwenye ubongo, pana sehemu isiyoona kitu, lakini hujawahi kuona tundu mbele yako, kwa kuwa ubongo hupaziba kwa kukisia kutokana na yaliyo kandokando.

Kwa makopo, hata hivyo, maelezo hayo hayatoshi. Mwaka 2000 watafiti Flanagan na Beltzner walipima nguvu za vidole vya watu walionyanyua vitu vya aina hiyo tena na tena. Baada ya kurudia mara kadhaa vidole vilijirekebisha, vikawa vinatumia nguvu ile ile kwa kikubwa na kwa kidogo. Hisia haikusogea hata kidogo! Mkono ulikwisha kuujua uzito halisi, huku mwenye mkono akishikilia kuwa kidogo ndicho kizito.

Tangu niusome utafiti huo nimeacha kusema “ubongo unaamini hivi”, kana kwamba humo mna msemaji mmoja. Mkono una makisio yake, yanayosahihishwa kwa dakika. Hisia ya uzito ina yake, iliyojengwa kwa maisha mazima ya kushika vitu ambavyo, kwa kawaida, vikiwa vikubwa huwa vizito.

Nayo hubadilika, ila kwa shida. Mwaka 2008 Flanagan na wenzake waliwapa watu vitu vilivyotengenezwa kinyume: vidogo vizito, vikubwa vyepesi. Wakavinyanyua siku baada ya siku. Hisia ile ya zamani ikafifia, na hatimaye ikageuka: walipopewa vya uzito sawa, kikubwa ndicho walichokiona kizito.