Korti ikisema kesi yako imepitwa na wakati

Mteja anapigia simu, sauti iko juu, "wakili, wametutupia kesi, tumeshindwa!" Nikisoma uamuzi naona jaji hakugusa kabisa nani ana haki. Amesema tu ombi limepitwa na wakati, na hiyo ni tofauti kubwa sana na kushindwa.

Iko hivi: korti inaamua mgogoro ulio hai. Ukiomba jambo fulani lizuiwe na likafanyika kabla hujasikizwa, au sheria unayoipinga ikafutwa, jaji hana tena cha kuamuru, na korti zetu hazipendi kutoa amri za bure.

Mfano ambao kila mwenye payslip Kenya anaujua ni ule ushuru wa nyumba, asilimia 1.5 ya mshahara. Uliingia na Sheria ya Fedha ya 2023, Mahakama Kuu ikasema tarehe 28 Novemba mwaka huohuo kwamba unakiuka katiba, rufaa ikakatwa, na wakati rufaa bado inangoja Bunge likapitisha sheria nyingine ya nyumba iliyotiwa saini Machi 2024, kwa hiyo Mahakama ya Rufaa ilipotoa hukumu Julai 31 swali la ushuru wa zamani lilikuwa limeshapitwa. Waliopinga ilibidi waanze upya na sheria mpya, na Oktoba kesi hizo zikatupwa, safari hii kwa hoja zenyewe. Hapo ndipo huwa naumia, maana serikali inaweza kubadilisha sheria katikati ya kesi na wewe unarudi mwanzo, mfuko ushatoboka.

Lakini mlango haujafungwa wote. Kama jambo ni la maslahi ya umma na litajirudia, jaji anaweza kuamua hata kama limepita. Marekani, kwenye Roe v. Wade ya 1973, kesi ya haki ya kutoa mimba, majaji walisema mimba itaisha siku zote kabla rufaa haijaisha, sasa ukisubiri kesi iwe "hai" hakuna mwanamke atakayewahi kusikizwa. Uamuzi wenyewe ulibatilishwa 2022 ila hoja hiyo ya muda mimi naiona ya kweli kabisa.

Niliwahi kuwa na akina mama wauza mitumba, walileta notisi ya kubomolewa vibanda siku ya Ijumaa jioni, karatasi imekunjwa mara nne ndani ya leso. Tukafaili usiku huohuo kwa mtandao na cheti cha dharura juu, Jumapili alfajiri tingatinga likafika. Jumatatu tunasimama mbele ya jaji tunaomba azuie nini? Vibanda viko chini. Nikaomba ruhusa ya kurekebisha ombi, tukaacha kuomba zuio tukadai fidia na tamko kwamba notisi ile ilikuwa fupi mno. Wakarudi pale wakahesabu kila bati, kila robota, mmoja akaandika hadi mizani yake iliyovunjika. Upande wa pili walisimama kusema kesi imepitwa na wakati, jaji akawauliza, "Na hizi bati je?"