Mtoto wa Pembeni kwenye Mkanda wa Harusi

Wengi tuliokulia Dar es Salaam miaka ya 1990 hatukupigwa video kwa ajili yetu. Kamera ilikodiwa kwa harusi, kipaimara au msiba, na mpiga video alilipwa amfuate bibi harusi. Watoto tulinaswa kwa bahati tu: mmoja anakatiza nyuma ya meza ya keki, mwingine anavuta kitenge cha shangazi. Mtengenezaji filamu Jonas Mekas, aliyezaliwa Lithuania mwaka 1922 na kufariki New York mwaka 2019, alirekodi maisha yake kwa kamera ya Bolex aliyoishika mwenyewe. Sisi tumerithi jicho la mtu wa kukodiwa. Ndiyo maana naamini filamu ya utoto wetu ianzie pembeni mwa picha.

Kwanza kagua mkanda. Unyevu wa pwani huotesha ukungu, na mkanda wenye ukungu ukiingizwa kwenye deki unachafua hata utakaofuata. Ukiwa salama, nauhamishia kwenye kompyuta, nakata ile pembe aliko mtoto na kuikuza mpaka ijae skrini. Sura inavunjika chembechembe, naiacha hivyo. Kisha kasi. VHS zetu ni za mfumo wa PAL, picha 25 kwa sekunde, lakini kila picha imefumwa kwa nusu mbili zilizonaswa kwa kupishana: mistari witiri na mistari shufwa. Ukizitenganisha, sekunde moja inakupa nyakati 50. Nazionyesha kwa kasi ileile ya 25 kwa sekunde, na mtoto aliyekatiza kwa sekunde mbili sasa anatembea kwa sekunde nne, na hakuna hatua hata moja iliyobuniwa na programu.

Wazee waliokaa katikati ya picha, wengi sasa ni marehemu. Hao siwapunguzii kasi kamwe. Marehemu akienda polepole, watazamaji wanaanza kumlilia hata kabla hawajamjua, nami nataka kwanza wamwone akibishana na wapishi kuhusu pilau. Kifo nakiingiza kwa mkato: babu ananyanyua soda, skrini inakuwa nyeusi, tunasikia Magomeni ya leo, vikombe vya muuza kahawa vikigongana. Urefu wa weusi huo hunisumbua kuliko kitu kingine chochote. Ukiwa mfupi unadhaniwa hitilafu. Ukizidi, watu wanatoa simu.

Kabla ya kuonyesha popote, nakaa na familia tuitazame yote. Mjane akisema kipande fulani kitoke, kinatoka, hata kama filamu nzima imekiegemea.