Je, wajua kwa nini nyota wa vipindi vya maisha halisi hufundishwa kuigiza upya?

Barazani Lamu swali hili huzuka kila uso uliozoeleka kwenye kipindi cha maisha halisi unapotokea kwenye tamthilia: mtu ameshalia na kugombana mbele ya kamera, afundishwe nini tena?

Afundishwe kurudia. Kwenye kipindi cha maisha halisi, kamera humfuata mtu. Akikasirika, amekasirika, kisa hupatikana baadaye, mhariri akichambua saa nyingi za picha abakishe dakika chache. Kwenye tamthilia kisa kimeshaandikwa, naye ndiye wa kukifuata.

Tuseme binti anamrudishia mchumba wake pete hapo forodhani, majahazi yakionekana nyuma yao. Kwanza hupigwa picha kutoka mbali. Kisha kamera husogezwa usoni kwake, halafu kwa mwanamume, halafu mkononi. Kila mara aivue pete kwa mkono uleule, kwenye neno lilelile, asimame palepale, la sivyo vipande havitaungana. Na chozi la mara ya nane liwe bichi kama la kwanza. Punda akilia katikati, wanaanza upya (kipindi cha maisha halisi kingemwacha punda wa watu, na pengine angependwa kuliko wote). Maji nayo hayangoji: yakipwa, jahazi lililokuwa likielea linakaa juu ya matope, na kesho yatajaa kama dakika 50 baadaye. Ndiyo maana huenda wakaachana asubuhi na kukutana kwa mara ya kwanza alasiri, binti akiwa ameshalilia penzi ambalo hajaliigiza bado.

Umaarufu humfikisha mlangoni tu. Jennifer Hudson alitoka wa saba kwenye American Idol, shindano la uimbaji la televisheni ya Marekani, mwaka 2004, na 2007 akashinda Oscar kwa filamu ya Dreamgirls. Kwa maoni yangu yeye alikuwa na nafuu, maana mwimbaji amezoea kurudia maneno yaleyale kila usiku kana kwamba yamemjia sasa hivi. Jamie Chung hakuwa na wimbo wa kumbeba. Alijulikana 2004 kwenye The Real World, kipindi cha maisha halisi cha MTV, msimu wa San Diego, akaanza na sehemu ndogondogo. Mwaka 2014 alimtia sauti mhusika Go Go katika filamu ya katuni ya Big Hero 6, kazi ambayo sura yake haikuonekana kabisa.